Kundiman Isiyogeuka

9 Juni

Jambo hili sijamwambia mtu, hata padri kwenye kitubio: naweza kuimba. Sisemi kuimba kwa kanisani, kule kwa kufungua mdomo ukabebwa na wenzio. Naimba kweli, na sauti inayotoka si yangu. Ni ya Nanay, mama yangu.

Nimejua jana. Nilikuwa bafuni nafua soksi za shule, mvua ya kwanza ya msimu ikashuka juu ya bati kwa kishindo, hata redio ya shangazi, Tiya Upeng, ikamezwa. Nikaona, hapa hata nikipiga mayowe hakuna wa kunisikia. Nikafungua koo. Sauti ya mama ikatoka. Niligeuka kutazama mlangoni nione nani ameingia.

Nanay yuko Osaka, anaimba hotelini. Alikwenda kwa mkataba wa miezi sita, ukaongezwa, ukaongezwa tena. Tatay, baba yangu, ndiye Fidelino Baltao anayetunga muziki wa filamu, na katika filamu zake zote, pale mwanamke analia na maneno yamemwishia, kuna sauti ya kike inayopita nyuma bila maneno. Ile ni Nanay. Nusu ya Manila imelizwa na sauti yake na haijui jina lake.

Tatay asijue. Tangu Nanay aondoke, filamu zake zinatoka na filimbi mahali pa sauti, kwa sababu hataki mwimbaji mwingine. Akijua kwamba sauti ile imo humu ndani, inafua soksi, atangoja nini tena? Na asipongoja yeye, nitangoja peke yangu.

10 Juni

Mvua. Niliimba.

11 Juni

Hakuna mvua. Bi Arguelles aliniuliza swali la sayansi, nikasimama, nikatazama viatu. Akasema, "Epifania, tunakufundisha Kiingereza asubuhi na lugha yetu mchana, ili uwe na lugha mbili za kunyamazia?" Darasa zima lilicheka. Ilikuwa nzuri, hata mimi ningecheka kama isingekuwa ni mimi.

20 Juni

Direk Miro amekuja. Waongozaji wote wa filamu huitwa Direk, lakini huyu hata mama yake humwita hivyo. Alikaa kwenye kiti cha Nanay bila kujua, Tatay akamwangalia mpaka akahama bila kuambiwa.

"Maestro, safari hii nataka watu watoke sinema macho yamevimba."

"Filamu zako macho huvimba kwa usingizi," Tiya Upeng akasema, anamwekea kahawa. Tiya ni dada wa baba, hajaolewa, haogopi mtu.

"Tiya, nawe njoo kwenye onyesho la kwanza."

"Nitakuja na mto wangu."

Filamu yenyewe ni ya zamani za babu zetu. Mume anakwenda Hawaii kukata miwa. Lori linamfuata wakati wanakula, ananyanyuka tonge likiwa mkononi, na mke anageuza sahani yake, kama sote tunavyofanya mtu akiondoka wenzake wakila, ili afike salama. Harudi. Mke anaigeuza sahani kila mlo mpaka nywele zinakuwa nyeupe. Basi, ndiyo filamu yote. Mwishoni, mwanamke akiwa kikongwe peke yake mezani, Direk anataka kundiman, wimbo wetu wa kale wa mapenzi na huzuni.

"Na pale inapogeuka," akasema, "nataka ile sauti. Si filimbi. Ile sauti yenyewe."

"Hati anarudi Septemba," Tatay akasema. Hati ndilo jina la Nanay.

"Septemba tutangoja."

Baadaye nilimwona Tiya Upeng anafuta meza mahali palipokwisha kuwa safi.

21 Juni

Niliandika "pale inapogeuka" kana kwamba kila mtu anajua. Kundiman huanza gizani. Mtu analalamika, hapendwi, atakufa, na wimbo wote uko chini kwenye kivuli. Halafu karibu na mwisho unageuka. Maumivu ni yale yale ila yamepanda mahali penye mwanga, na aliyekuwa analia sasa anasema nitakupenda tu. Isipogeuka, Tatay husema, hiyo si kundiman, hayo ni malalamiko.

Zamani ilikuwa hivi. Tatay anapiga nusu ya giza kwenye piano, anafika mwisho, anasimama. Kutoka jikoni, juu ya samaki anayekaangika, Nanay anamjibu kwa mgeuko. Tatay anaandika haraka haraka. Nanay anasema, "Na uandike pia kwamba samaki ameungua kwa ajili yako." Nilidhani wazazi wote huongea namna hiyo.

28 Juni

Nusu ya kwanza ameimaliza leo, kwa asubuhi moja tu, huku Tiya anakoroga uji wa mchele na kakao. Ni nzuri kupita yote aliyowahi kuandika. Nimekula uji wangu na samaki mkavu, chumvi na utamu vikakutana, na machozi yakawa karibu.

Alifika mwisho, akasimama. Jikoni kijiko kiliendelea kuzunguka kwenye sufuria. Tiya Upeng hawezi kuimba hata wimbo wa kuzaliwa.

29 Juni

Alisimama pale pale.

30 Juni

Pale pale.

5 Julai

Jumapili ya kwanza ya mwezi, siku ya simu. Tunakwenda kwa Aling Sepa, jirani mwenye simu, tunakaa tumevaa kama wa kanisani. Nanay alianza na mimi, kwa jina langu la nyumbani.

"Paning, umekula?"

"Nimekula."

"Umekula nini?"

Nikamwambia mchuzi wa ukwaju. Akataka kujua umetiwa mboga gani. Kisha akauliza, "Hiyo ni mvua ninayoisikia?"

"Ndiyo."

"Hebu ipeleke simu dirishani."

Nikaivuta mpaka waya ulipokomea, nikanyoosha mkono. Mvua ilikuwa inapiga bati la Aling Sepa. Nilisimama hivyo mpaka mkono ukauma, na nilipoirudisha sikioni hakuna aliyesema kitu, pumzi tu. Kisha akasema, "Haya, nipe baba yako."

Nilikuwa karibu, nilisikia. Hoteli wanamtaka mpaka Pasaka.

Tatay akasema, "Ah. Sawa." Halafu akasema, "Huko joto limeanza?"

Tulirudi nyumbani kwa mwavuli mmoja.

7 Julai

Direk Miro alipita kuuliza. Tatay akamwambia, "Septemba." Bila kupepesa macho.

Sikujua kama baba yangu ni mwongo. Nilikaa naye mezani nikamtazama anavyochambua miiba ya samaki, anaipanga ukingoni mwa sahani, nikawaza, huyu ni mtu wa namna gani? Mwanamume mzima anamdanganya mwenzake, na wimbo umekwama, na yeye anapanga miiba.

15 Julai

Mvua. Niliimba nusu ya kwanza bafuni, na nilipofika mwisho koo halikusimama. Lilikwenda. Liligeuka lenyewe, likapanda, likakaa juu kule kama ndege kwenye waya. Nikaiimba tena ili nione kama si bahati. Ipo. Nusu ya pili ninayo mimi.

Sasa nifanye nini nayo?

16 Julai

Mvua. Niliimba.

22 Julai

Kimbunga. Shule imefungwa. Maji yamefika ngazi ya pili, tumeinua piano juu ya matofali ya saruji, Tatay akiishika kama mgonjwa. Redio imetaja jina la kimbunga, la kike kama kawaida. Tatay akauliza kwa nini vyote ni wanawake. Tiya akajibu, "Kikipewa jina la mwanamume hakitaamka kitandani."

Tatay alicheka. Ni mara ya kwanza tangu ile simu.

23 Julai

Maji.

24 Julai

Maji. Kiatu cha mtu kimepita mbele ya mlango, kinaelea, kimeelekea shuleni bila mimi.

8 Agosti

Wiki hii watu wawili wamekuja kujaribiwa sauti, wametumwa na Direk. Wa kwanza aliimba vizuri. Tatay akasema ana unyevu mwingi kooni. Wa pili aliimba vizuri zaidi. Tatay akasema hana unyevu wowote, sauti kavu. Tiya Upeng akamuuliza, "Kwa hiyo unataka mwenye unyevu kiasi gani? Nusu kikombe?"

Nilikuwa nyuma ya pazia. Yule wa pili alipokuwa anaimba nilimwombea akosee. Mungu anisamehe.

28 Agosti

Nimemwona Tatay leo alipodhani hayupo mtu. Nilikuwa nimerudi mapema, shule ilivuja. Alikuwa kwenye piano. Alipiga nusu ya kwanza, akasimama, akageuza kichwa kuelekea jikoni. Jikoni hakuna mtu, Tiya alikuwa sokoni. Akakaa hivyo, sikio limeelekezwa, kama mtu aliyebisha hodi na anasikiliza kama ndani kuna mwendo.

Simwiti tena mwongo. Wimbo ukiwa haujaisha, kuna mtu lazima aje aumalize. Ndiyo maana haandiki mwisho.

Na mimi nafanya hilo hilo bafuni. Tofauti yetu ni mvua tu.

18 Septemba

Nisipoandika leo nitabadilisha kesho.

Leo jua lilitoka. Studio ile ina bati kama letu, mvua ikinyesha hawawezi kurekodi, wanamuziki hukaa wakacheza karata. Kwa hiyo Direk alipoona mbingu ni safi akatuma gari: leo leo, twende na tulicho nacho. Tatay akanichukua nimfunulie kurasa, kama ninavyofanya tangu utoto. Nakaa kigodani nyuma ya bega lake na watu wananisahau. Ndiyo kazi ninayoipenda kuliko zote.

"Na mwisho wake, Maestro?" Direk akauliza. "Naona karatasi nyeupe hapa."

"Huo ndio mwisho. Unaishia hapo."

"Gizani?"

"Mumewe harudi, Miro. Unataka nini, fataki?"

Direk alikuna kichwa, akasema sawa, tuone. Wakazima taa. Kwenye kitambaa cheupe akatokea yule bibi kizee mezani, sahani mbele yake. Tatay akaongoza kwa kichwa, vidole kwenye piano, fidla zikaingia chini kabisa. Sijawahi kusikia kitu kama kile. Bibi akaiweka mikono kando ya sahani. Nusu ya kwanza ikafika mwisho, Tatay akainua mikono, na wote wakanyamaza.

Wote ila Mang Terio. Ni mpiga fidla mzee, alikuwa na babu yangu kwenye bendi ya mji wao. Mkono wake umepiga kundiman maisha yake yote na haukujua kusimama hapo. Uligeuka wenyewe, kama nyati wa shambani ajuaye njia ya zizini hata mwenyewe akisinzia mgongoni. Noti mbili tu, zile za kwanza za mwanga. Kisha akashtuka, akaondoa upinde.

"Radhi, Maestro. Mkono umezoea."

Lakini noti zake zilikuwa zimeshafika kooni mwangu. Ilikuwa kama mtu akubishie hodi nawe useme karibu kabla hujafikiri. Niliimba. Nusu ya pili yote, ile ya bafuni, bila mvua, mbele ya watu.

Nilipomaliza, bibi kizee kwenye kitambaa alikuwa anageuza sahani.

Mang Terio, ambaye macho yake yana ukungu siku hizi, aligeuza uso mlangoni, akasema kwa upole kabisa, "Hati, umerudi lini?"

Hapo ndipo nilipojua nimefanya nini.

Tatay hakugeuka. Niliona shingo yake tu, na nywele alizokatwa vibaya na Tiya. Alifunga kifuniko cha piano taratibu, kama unavyofunga mlango wa chumba alicholala mtoto mchanga. Akachukua kofia, akatoka.

"Hiyo imenaswa?" Direk akauliza gizani.

"Hapana, Direk," fundi akajibu. "Maestro aliposimama, nilizima."

"Ulizima."

"Si wewe uliyesema tusipoteze utepe?"

Direk akaja akachuchumaa mbele ya kigoda changu. "Binti, ile umeitoa wapi?"

"Bafuni," nikasema.

Ndilo neno pekee nililosema leo. Wapiga fidla wakacheka, na mimi nikaanza kulia.

Jioni nyumbani, wakati wa chakula, Tatay alikula nusu, akanyanyuka. Tiya Upeng akageuza sahani yake kimya kimya, akanitazama mpaka nami nikageuza yangu. Alikuwa amekwenda barazani tu.

20 Septemba

Hajanisemesha.

21 Septemba

Ameomba chumvi, lakini amemwomba Tiya, na chumvi ilikuwa mbele yangu.

26 Septemba

Kwetu mtu akiumizwa hagombi. Anasusa. Anakaa pembeni na uso wake, anangoja aje mtu ambembeleze. Tatay amesusa. Mimi nami nimesusa, kwa kuwa alitoka bila kunitazama. Nyumba ina wasusaji wawili na hakuna mbembelezaji.

Tiya Upeng alinikalisha nimsaidie kumenya vitunguu. Nadhani alichagua vitunguu makusudi.

"Unaogopa nini wewe?"

Nikamenya.

"Unadhani mama yako akisikia kuna sauti hapa, atasema basi, nafasi imejaa, na mimi nibaki huku?"

Nikamenya. Macho yalikuwa yanatiririka na ningeweza kusingizia.

"Na huyo ndugu yangu anadhani hivyo hivyo. Mungu wangu, watu wa muziki." Akafuta kisu kwenye nguo. "Mimi siwezi kuimba, lakini najua kitu kimoja. Kundiman si wimbo wa mtu aliyerudiwa. Aliyerudiwa haimbi kundiman, anakaanga samaki. Ule mwanga mwishoni ni wa nani basi, kama si wa yule anayeendelea kukaa?"

Nimeandika ili nisisahau.

4 Oktoba

Simu. Tatay alianza yeye leo. Mimi nilisimama mlangoni kwa Aling Sepa na mwavuli, mgongo kwao. Waliongea habari za mafuriko, za jino la Tiya. Kisha Tatay akasema:

"Hati. Ule wimbo wa Miro. Ataimba Paning."

Hakuwa ameniambia mimi. Hajanisemesha tangu studio, na sasa anamwambia mtu aliye ng'ambo ya bahari.

Akasikiliza. Kisha akasema, "Ndiyo." Kisha, "Kama yako. Mang Terio alikuamkia." Kisha, chini sana, "Usilie, simu ya watu hii."

Akaniita kwa mkono bila kunitazama. Nilipoishika simu ilikuwa na joto la sikio lake.

"Paning," Nanay akasema. "Pale juu, inapogeuka. Unavuta pumzi wapi?"

"Sijui. Kabla."

"Mimi pia kabla. Kila mara. Unajua kwa nini? Naogopa haitatosha. Zote zile ulizonisikia kwenye sinema, pale nimeogopa. Wewe usivute. Ipite tu, pumzi itakuwepo."

"Nanay."

"Eh?"

Nilitaka kumuuliza kuhusu Pasaka. Nilisema, "Umekula?"

Akacheka na kulia kwa pamoja, sauti ile ile ya kwenye filamu, na simu ikakatika.

5 Oktoba

Tatay amenipa chumvi kabla sijaomba.

11 Oktoba

Mvua ndogo. Sikuimba. Nimeona haya kuitumia.

17 Oktoba

Direk Miro amesema kesho ndiyo mwisho. Ama kundiman igeuke, ama yeye achukue wimbo wa mtu mwingine, maana filamu lazima iwe tayari kabla ya Krismasi. Aliyasema akiwa amesimama, hakukaa kwenye kiti chochote. Tiya hakumtania.

Tatay akamwambia, "Kesho." Kama alivyosema "Septemba."

18 Oktoba

Asubuhi. Gari la studio litakuja baada ya chakula cha mchana. Mbingu haina hata wingu moja. Msimu umeisha, bati limenyamaza mpaka nasikia mjusi anakwenda juu yake. Tiya ameondoka kwenda misa na kusema atachelewa, ingawa hachelewi kamwe.

Tatay yuko kwenye piano. Mimi niko chumbani, ukuta mmoja wa mbao katikati. Amepiga nusu ya kwanza, akasimama.

Hakuelekeza kichwa jikoni. Nimechungulia kwenye ufa: ameelekea huku.

Sikuimba. Bila mvua mtaa mzima utasikia, Aling Sepa atasikia, watoto wa shule yetu wanaocheza mpira wa kikapu pale kona watasikia. Na nikiimba, itakuwa imeimbwa. Nafasi ya Nanay haitakuwa wazi tena kama ilivyokuwa tangu Juni, Tatay na mimi tukiilinda kila mtu upande wake.

Amepiga tena. Amesimama tena. Anangoja. Nasikia saa ya ukutani.

Namwazia Nanay yuko dirishani huko, sikio kwenye simu, anasikiliza bati la watu.

Ameipiga mara nyingine, polepole sana, na safari hii hakusimama mwishoni. Alizipiga zile noti mbili za Mang Terio. Kwa kidole kimoja.

Kigoda cha piano kimesogea. Anatembea. Amepita kabati, amepita meza, ubao ule unaolia umelia. Naisukuma karatasi hii chini ya mkeka, nafungua koo, sivuti pumzi